Redio ya Januari Mosi

Muhidini Rajabu aliisoma karatasi ya maelezo yake tangu mstari wa kwanza hadi wa mwisho, akaisogeza mezani kwa vidole viwili, akasema hatii sahihi.

Inspekta Apolonia Masele hakushangaa. Kwa siku tatu wakubwa wawili walikuwa wamemkalisha fundi huyu kwenye kiti hichohicho, wakamtisha, wakambembeleza, wakamtisha tena, wasipate kitu. Leo ilikuwa zamu yake, na ndiyo zamu ya mwisho. Kesho saa tatu asubuhi Muhidini angepandishwa kizimbani kwa kesi ya unyang'anyi wa kutumia silaha na mauaji, kesi ambayo mtu haombi dhamana, anamwomba Mungu.

"Nimeandika uongo wapi, fundi?"

"Hakuna uongo, afande. Niliyosema ndiyo hayo. Ila hapa juu mmeandika tumeanza saa tatu na robo. Tumeanza saa tatu na dakika kumi na tisa."

Konstebo Marselino, aliyekuwa ameshika kalamu, akaguna. "Umejuaje, na saa yako ya mkononi iko kaunta kwenye bahasha?"

"Saa yenu ya ukutani iko nyuma dakika nne. Asubuhi redio ya kaunta ilipolia ile pii ya saa moja, mshale wenu ulikuwa bado unajikongoja." Muhidini alisema hivyo bila kebehi, kama mganga anayemwambia mtu ana homa. "Mimi jina langu siliweki chini ya saa isiyo ya kweli."

Marselino alimtazama bosi wake akingoja kofi litue. Kofi halikutua. Apolonia alichukua kalamu, akakata robo, akaandika dakika kumi na tisa, akatia herufi zake pembeni. Muhidini akasoma tena pale palipokatwa, kisha akasaini kwa mwandiko mzuri kuliko wa karani wa mahakama.

Sasa, mtu anayekaribia kunyongwa halafu akagombania dakika nne, ama ana wazimu ama ana kitu anachokijua. Apolonia alizaliwa Mhunze, kwenye nyumba ya mkulima wa pamba aliyepima marobota yake mwenyewe kabla ya kuyapeleka kwa mnunuzi, akawa anarudi na mizani yake begani ikiwa mnunuzi anabishana. Watu wa aina hiyo aliwafahamu. Alifungua jalada, akaitoa ile karatasi iliyotoka Dar es Salaam.

Habari yenyewe ilikuwa hivi. Wiki iliyopita, gari la kampuni moja inayochimba dhahabu upande wa Geita lilitoka kambini na mzigo wa mwezi mzima. Dakika arobaini kabla ya kuondoka, mkuu wa ulinzi alibadilisha njia, na alilitangaza hilo kwa redio ya upepo tu, kwenye chaneli iliyokuwa ndani ya redio za kampuni na si kwingine. Majambazi walikuwa wamekaa wanalingoja gari kwenye njia hiyohiyo mpya. Mlinzi mmoja, baba wa watoto wanne, alifia pale pale. Sungusungu waliowafukuza porini hawakumkamata mtu, ila walirudi na redio ya mkononi iliyoangushwa kwenye majani.

Redio hiyo haikuwa ya kampuni. Lakini chaneli ya kampuni ilikuwa ndani yake.

Mtaalamu wa Dar aliifungua, akachapisha alichokikuta. Namba ya redio. Namba ya leseni ya programu iliyoiprogramu: ya duka la Champaklal, hapa hapa Shinyanga, duka pekee mkoa mzima lenye leseni hiyo. Muda: 00:09. Tarehe: 01-01-80. Mtaalamu alisema tarehe ni takataka, isiangaliwe, redio yenyewe haikuwa imetengenezwa mwaka huo. Muda ndio wa kuangalia. Saa sita na dakika tisa usiku. Nani ana ufunguo wa duka usiku? Fundi Muhidini. Jalada likafungwa hapo, wakubwa wakapeana mikono.

"Fundi," Apolonia alisema, "hebu nisomee hii."

Muhidini aliitazama karatasi. Uso wake, ambao siku tatu haukuwa na kitu, ukakunjamana kwa hasira.

"Hii ndiyo mliyonikamatia?"

"Hukuonyeshwa?"

"Niliulizwa nililipwa ngapi. Hakuna aliyenionyesha karatasi." Aliweka kidole juu ya ile tarehe. "Afande, mimi nimeprogramu redio mia nne na kumi na mbili. Za misheni, za wanunuzi wa pamba, za magari ya wagonjwa, za hao wa dhahabu. Zikusanye zote, uzifungue moja moja. Ukikuta hata moja yenye tarehe ya namna hii, nipelekeni kesho mkaninyonge."

"Nifafanulie kama unavyomfafanulia mtoto wa darasa la pili. Mimi kompyuta naiona kwa mbali tu."

Akamfafanulia. Ndani ya kompyuta kuna betri ndogo, ukubwa wa kifungo cha koti, kazi yake kutunza saa mashine ikiwa imezimwa. Ya dukani ilikufa mwaka juzi, na betri ya namna ile Shinyanga haipatikani. Mashine isiyo na betri ukiiwasha inajiona imezaliwa sasa hivi: Januari mosi mwaka themanini, saa sita kamili usiku. Inakuuliza, leo tarehe ngapi? Inakuuliza, saa ngapi? Fundi mwenye adabu anaiambia. Mvivu anabonyeza kitufe kikubwa mara mbili, inampitisha na uongo wake.

"Mimi nafungua duka kabla ya saa moja," Muhidini alisema. "Nawasha redio. Pii ya saa moja ikilia, nabonyeza. Mwaka wa pili huu, sijakosa hata siku moja. Mzee Champaklal mwenyewe hunicheka."

"Kwa hiyo hii sifuri-sifuri na tisa..."

"Siyo usiku. Ni dakika tisa tangu mtu alipowasha mashine. Hata mchana wa jua kali ingeandika hivyohivyo."

Apolonia aliinuka, akatembea hadi dirishani, akarudi. Alijisikia kucheka na kulia kwa pamoja. Siku tatu, na jambo lenyewe lilikuwa limeandikwa kwenye karatasi.

"Lakini leseni ni ya kwenu."

"Ni ya kwetu," Muhidini alikubali, na hapo sauti ikashuka. "Hilo ndilo linaloniumiza. Programu ile, afande, bei yake ni pikapu mpya. Diski nne tu, unazitia mfukoni. Mzee alikopa, akauza kiwanja, akailipia yote kwa sababu hakutaka ya wizi. Watu hulalamika, elfu kumi na tano kwa kazi ya dakika kumi? Hawalipii dakika kumi. Wanalipia nisikosee tarakimu moja. Tarakimu moja ikikosewa, dereva ana mama mjamzito nyuma anaita, anaita, hakuna anayemsikia."

"Ingeweza kunakiliwa kwenye kompyuta nyingine yoyote?"

"Yoyote, hapana. Programu ile ni ya zamani, haitaki mashine yenye mbio. Mzee alinunua kompyuta mpya, tukajaribu, ikaua redio mbili za misheni mezani. Inataka mashine ya polepole. Tulikuwa nazo mbili za namna hiyo, pacha, zilinunuliwa pamoja."

"Mbili?"

"Ya pili iliungua umeme ulipokatika na kurudi. Mimi nilikuwa likizo kwetu Ujiji. Niliporudi mzee akaniambia imetupwa."

Apolonia alikaa. Akageuza karatasi tupu, akampa kalamu. "Nichoree. Mtu akitaka kuifungua programu hii na kuona redio zilizohifadhiwa ndani, anafanya nini, hatua kwa hatua."

Fundi alichora vitufe, mishale, na kila neno ambalo kioo kingeonyesha. Alipomaliza alimsomesha, akamuuliza maswali, akamsahihisha mara mbili. Mahabusu alikuwa mwalimu na inspekta mwanafunzi, na Marselino hakujua aandike nini kwenye daftari.

Mkuu wa Upelelezi hakufurahi. Alisaini hati ya upekuzi kwa kalamu nzito, akasema mtaalamu amesoma Ulaya, na Apolonia amesoma wapi?

"Mhunze, afande," Apolonia alijibu.

"Kesho saa tatu. Usiponiletea kitu mkononi, anakwenda mahakamani."

* * *

Duka la Champaklal lilikuwa mtaa wa soko, kati ya muuza baiskeli na muuza vitenge. Nje lilikuwa na mlingoti mrefu wa antena, ndani lilikuwa na ukimya. Mzee Champaklal alikuwa nyuma ya meza, shati jeupe limefungwa hadi shingoni. Ukutani, ndani ya fremu ya dhahabu, juu kidogo ya picha ya Lakshmi, mungu wa utajiri wa Wahindi, palikuwa na leseni ya ile programu, yenye muhuri mwekundu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mama. Karibu, keti. Chai?"

"Nimekuja kwa ajili ya Muhidini."

"Mtu mzuri yule," mzee alisema haraka. "Miaka kumi na nne hapa. Mimi sielewi. Mimi nasema, polisi wanajua kazi yao."

Apolonia hakuketi. Alizunguka. Kwenye kona ya fundi palikuwa na meza iliyopangwa kama sahani za harusini: bisibisi kwa urefu, nyaya kwa rangi, redio ndogo ya kusikilizia taarifa ya habari. Katikati ilikaa kompyuta, imefunikwa kitambaa cha maua ya bluu kilichoshonwa kwa kipimo chake. Pembeni pa kitambaa palidariziwa tarakimu moja kwa uzi mwekundu: 1.

"Kitambaa kizuri. Nani ameshona?"

"Mama Rushabh, mke wangu." Mzee alitabasamu kidogo. "Vumbi la Shinyanga linaua mashine. Yeye anashonea kila kitu. Hata mizani."

"Na ile ya pili, iliyoungua?"

Tabasamu likakaa palepale, ila macho yakaondoka. "Ile ilikufa. Umeme. Tulitupa."

"Pole. Nipe kitambaa chake basi, nikione."

"Kitambaa?"

"Kimoja kina namba moja. Namba mbili kiko wapi?" Apolonia alionyesha rafu za dukani. Kamba zilizofungwa upya, misumari iliyonyooshwa, maboksi matupu yaliyokunjwa na kupangwa. "Nyumba hii, mzee, haitupi hata kamba ya parseli. Mashine ikiungua mnatupa mashine. Kitambaa kizima cha maua, alichoshona mama kwa mkono wake, nacho kiliungua?"

Mteja aliingia kuuliza betri za tochi. Mzee akamwambia hakuna, na betri zilikuwa zimejaa mbele yake. Mteja akaondoka akinung'unika.

"Mficha uchi hazai, mzee wangu," Apolonia alisema kwa upole. "Kesho saa tatu Muhidini anasomewa mauaji. Hawezi kupata dhamana. Mkewe, Mama Chausiku, yuko nje ya kituo tangu Ijumaa na kapu la chakula ambacho mumewe hakili. Huyu ni mtu aliyekuwa akiweka saa ya mashine yako kila asubuhi, na wewe ukimcheka."

Mzee aliinamisha kichwa. Alipoinua alikuwa ameamua, na hapo Apolonia akaona kwamba mtu huyu, kabla hajawa mwoga, alikuwa mtu mkubwa.

"Niliuza," alisema. "Muhidini yupo Ujiji, akaja mtu wa Kagongwa, anaitwa Eustace. Anataka kompyuta ya kuchapa barua. Mimi nina deni la programu bado. Nikamwambia Sanket, mwanangu, futa kila kitu. Sanket anasema amefuta. Sikuangalia. Katoni la nyaya za zamani nikampa bure, na kiboksi cha kuunganisha redio kilikuwa humo. Na kitambaa Mama Rushabh akampa, vumbi la Kagongwa baya zaidi." Akanyoosha kidole ukutani. "Mkataba unasema programu isitoke dukani hata siku moja. Ikitoka, wananyang'anya leseni. Mtu pekee mkoa mzima, mama. Mimi mtu pekee mkoa mzima. Muhidini alipokamatwa nikajua. Siku tatu sijala."

"Na yeye hajala."

Champaklal aliinuka, akapanda kwenye kigoda. Apolonia alitaka kumsaidia, mzee akamzuia kwa mkono. Aliishusha fremu mwenyewe, akaifuta kwa kiganja na kuiweka mezani mbele ya inspekta.

"Chukua. Kesho nitasema mbele ya hakimu. Kama kunyang'anywa, ninyang'anywe nikiwa nimesimama. Baba yangu alifungua duka hili na cherehani moja, hakumfunga mtu ili kuokoa jina lake."

* * *

Barabara ya kwenda Kagongwa ilikuwa vumbi tupu baada ya Tinde, na Land Rover ya polisi iliwatema Apolonia na Marselino saa tisa alasiri, nyusi zao zikiwa nyekundu. Wa kwanza kutafutwa alikuwa mwenyekiti wa kitongoji, maana hati bila shahidi ni karatasi ya kufungia maandazi. Mzee Mabula alikuwa akifunga mbuzi.

"Mwadila, baba," Apolonia alimsalimu kwa Kisukuma.

"Mwadila, ng'wanawane, mwanangu." Alisikiliza habari yote, akatikisa kichwa. "Eustace? Yule si wa kuchapa barua tu. Zamani alikuwa mpiga redio wa chama cha pamba, miaka tisa, na sasa ni broka pia, ananunua dhahabu kwa wachimbaji. Mwezi huu kajenga ukuta. Kweli gete, nilijiuliza barua gani hizo."

Apolonia alijifunga kitenge juu ya suruali, akaacha kofia garini, akaingia peke yake. Mabula na Marselino wakabaki chini ya dirisha.

Ofisi ilikuwa chumba kimoja. Eustace alikuwa mtu wa miaka hamsini, miwani imefungwa kamba shingoni, mpole wa maneno. Juu ya meza yake kulikaa kompyuta iliyofunikwa kitambaa cha maua ya bluu. Apolonia hakuhitaji kuinama kuona uzi mwekundu.

"Karibu, dada. Barua au mkataba?"

"Mkataba wa duara, shimo letu la dhahabu. Mimi na shemeji yangu tunachimba pamoja, sasa mawe yameanza kuonyesha, nimeona tuandikishane kabla undugu haujaharibika."

"Umefanya busara. Dhahabu haina shemeji." Alicheka, akatoka nje kuvuta kamba ya jenereta. Ikanguruma. Akarudi, akakunja kitambaa vizuri, akawasha mashine. Apolonia alisogea kana kwamba anashangaa kioo.

Maandishi yalipanda polepole. Mashine ikauliza tarehe. Eustace hakuitazama hata. Kidole kikaenda kwenye kitufe kikubwa, kikabonyeza. Ikauliza saa. Akabonyeza tena.

"Imekuuliza nini hapo?" Apolonia aliuliza.

"Aa, upuuzi wake. Inataka tarehe. Betri imekufa, na barua tarehe naandika mwenyewe. Ukibonyeza mara mbili inanyamaza."

"Kila siku?"

"Kila siku, dada. Nani ana muda wa kubembeleza mashine?"

Apolonia alifungua kitenge, akakikunja, akakiweka juu ya kiti. Chini yake palionekana mkanda na pingu. Kisha akaita, na Marselino akaingia na Mzee Mabula nyuma yake.

"Inspekta Masele, Upelelezi, Shinyanga. Hii ni hati ya kupekua. Simama pale ukutani, mikono niione."

Eustace alipauka, lakini hakuwa mtu wa kuanguka kwa pigo la kwanza. "Pekueni. Mimi mashine hii nilinunua kwa Champaklal, naitumia kuchapa. Kama kuna kitu ndani ni cha kwake. Muulizeni fundi wake."

"Tutamuuliza," Apolonia alisema. "Ameshanifundisha."

Alitoa karatasi ya Muhidini, akainyoosha kando ya vitufe. Akaketi. Vidole vyake vilikuwa vizito, vya mtu aliyezoea jembe na bunduki. Alibonyeza herufi ya kwanza, akaangalia karatasi. Ya pili, akaangalia karatasi. Eustace alitabasamu kidogo pale ukutani. Kioo kikawa cheusi, halafu kikageuka bluu, na juu kabisa ikatokea namba ya leseni ileile iliyokuwa kwenye fremu ya dhahabu.

Tabasamu la Eustace likaondoka.

"Sanket hakufuta," Apolonia alijisemea. Akafuata mshale uliofuata. Ikafunguka orodha ya redio zilizohifadhiwa, mistari mingi, mmoja chini ya mwingine, na mbele ya kila redio tarehe yake. Machi kumi na nne. Machi kumi na tano. Machi kumi na nane. Zote za kweli, zote zimewekwa na mtu aliyengojea pii ya saa moja. Alishuka taratibu kwa kidole. Za misheni. Za pamba. Za kampuni ya dhahabu, kumi na mbili.

Mstari wa mwisho kabisa ulikuwa peke yake. 01-01-80.

"Marselino. Nisomee namba ya redio iliyookotwa na sungusungu. Polepole."

Marselino alisoma kutoka kwenye jalada, tarakimu moja moja. Apolonia alifuata kwenye kioo kwa ncha ya kalamu. Mzee Mabula, aliyesoma hadi darasa la nne, alisogea akawa anasoma naye kwa sauti. Tarakimu kumi. Ya kumi ilipotajwa, Apolonia aliweka kalamu chini.

"Ni yenyewe," alisema Mabula.

"Mimi nachapa barua tu," Eustace alisema, lakini sasa alikuwa akiongea na sakafu.

"Ulikuwa mpiga redio wa chama cha pamba miaka tisa kabla hakijafungwa, ndivyo mwenyekiti wako alivyonieleza," Apolonia alisema. "Ulizikuta redio za kampuni zimelala humu ndani, ukajua unachokiona. Ukachukua chaneli ya kampuni, ukaimwaga ndani ya redio yako, na mashine ikakuandikia risiti. Ingekuwa umeweka tarehe, Eustace, tarehe yoyote, hata ya jana, Muhidini angenyongwa na mimi ningelala usingizi. Fundi hawezi kuacha saa ya uongo. Wewe huwezi kuweka ya kweli."

Kiboksi cha kuunganisha redio walikikuta kwenye droo, kimefungwa ndani ya soksi. Mabula alisaini kama shahidi. Marselino aliibeba kompyuta kwa mikono miwili, na Apolonia akaifunika kwa kitambaa chake, maana vumbi la Kagongwa kweli lilikuwa baya. Walipofika Tinde Eustace alikuwa ametaja majina manne, na kabla ya Shinyanga alikuwa ametaja mahali mzigo ulipofukiwa.

* * *

Asubuhi iliyofuata kaunta ya kituo ilikuwa imejaa. Mkuu wa Upelelezi alipita, akasimama mbele ya Apolonia, akakohoa.

"Mhunze, siyo?"

"Mhunze, afande."

"Wanafundisha vizuri huko." Akaenda zake, na kwa mtu yule hilo lilikuwa hotuba.

Mzee Champaklal alikuwa kwenye benchi, shati limefungwa hadi shingoni, fremu ya leseni mapajani. Mama Chausiku alikuwa upande wa pili na kapu lake. Hawakuwa wamesalimiana. Muhidini alipotolewa, mzee aliinuka kwanza.

"Muhidini. Niliuza ile mashine. Nikakudanganya. Nimekwisha kuandika kwa afande, na wenye leseni nao nimewaandikia."

Muhidini alimtazama, akatazama fremu, akatazama ukuta. "Watainyang'anya," alisema.

"Labda."

"Basi tutawaandikia tena, mimi na wewe. Nitawaambia programu yao iliibwa na mtu mmoja, mara moja, na mimi nimeifanyia kazi mara mia nne na kumi na mbili." Akageuka kwa mkewe, na kwa mara ya kwanza tangu akamatwe akaomba chakula.

Lakini kwanza kitabu. Koplo wa kaunta alifungua ukurasa, akaandika jina, akaandika *ameachiwa bila masharti*, akainua macho kwenye saa ya ukutani, akaandika saa mbili na dakika sita. Akasukuma kitabu na kalamu.

Muhidini hakuishika kalamu. Aliinua uso, akaitazama ile saa. Akachukua bahasha yake, akatoa saa yake ya mkononi, akailinganisha na ya ukutani, akalinganisha tena. Koplo akamtazama inspekta. Marselino akaziba mdomo asicheke.

"Nani ameirekebisha?" Muhidini aliuliza.

"Mimi," Apolonia alisema. "Leo, saa moja, kwa pii ya redio. Nilipanda kwenye kiti."

Fundi aliitikia kwa kichwa mara moja, kama anavyofanya mtu akipokea kazi iliyofanywa sawasawa. Akachukua kalamu, akasaini.